Tumbo Lile Halikuwa Mto

Riziki mwanangu,

Umekwenda kusukwa. Umesema unataka rasta ndogondogo zitakazokaa miezi mitatu, na msusi wako yule wa Rangi Tatu hana haraka na kichwa cha mtu. Kwa hiyo nina kuanzia sasa, saa nane mchana, mpaka magharibi. Begi lako liko wazi kitandani. Mimi nimekaa chini kwenye mkeka na daftari lako la kidato cha nne, lile lililobaki kurasa. 

Sikuandikii habari za sweta, wala za kutopokea mzigo wa mtu uwanja wa ndege. Hayo umeshaambiwa na mtaa mzima, hata na muuza mkaa ambaye safari yake ndefu kuliko zote ni kuvuka na pantoni kwenda Kigamboni. Mimi nina neno moja tu. Tangu asubuhi nalizunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia. Acha niliseme hapa juu kabisa, ili hata ukiichana barua katikati uwe umeshalipata.

Aliyekuzaa ni mimi.

Si Zuwena. Ni mimi, Godeliva, ambaye kwa miezi minne sasa unaniita mamdogo. Siku ile ya mchele nilikudanganya. Kesho unaondoka, na mimi sijui kama nitapata siku nyingine ya kulisema hili.

Nikukumbushe ilivyokuwa, maana nataka uisikie na upande wangu. Ulitoka chumbani umeshika cheti chako cha kuzaliwa. Miaka yote cheti kile nilikificha kwenye sanduku la bati, chini ya nguo zangu za kuigizia, na kila kilipohitajika, shuleni au kwenye kitambulisho, alikwenda nacho Zuwena mwenyewe. Wewe ulimjua kama mama mkubwa, rafiki yangu wa kufa na kuzikana, jirani wa ukuta mmoja. Lakini Zuwena ametutoka mwaka juzi, na ulipopata ufadhili wa kwenda Uturuki kusomea mambo ya maji, ulilifungua sanduku kwa mkono wako kutafuta karatasi za pasipoti. Nilikuwa barazani napeta mchele.

"Mama, hawa wamekosea," ulisema. "Jina la mama wameandika Zuwena."

"Hawajakosea."

"Sasa ndo nini hii?"

Kwenye filamu nilifundishwa kwamba ukiwa na maneno mazito ya kusema, ipe mikono kazi. Mtu akiona mikono inafanya kazi, huuamini mdomo. Basi nikaendelea kupeta. Nikatoa chuya, nikapuliza, nikakwambia kwamba Zuwena alikuzaa akiwa mjane, akaona aibu ya watu, akaniomba nikuchukue. Nikasema, "Mie nimekulea tu, mwanangu. Nisamehe sikukwambia mapema." Hata machozi yalitoka pale pale yalipotakiwa. Hapakuwa na kamera wala mtu wa kusema turudie, na katika maisha yangu yote sijawahi kuigiza vizuri vile.

Ulisimama umeshika cheti mpaka mchele ukaisha kwenye ungo. Kisha ukasema, "Kwa hiyo wewe ni mamdogo wangu."

"Ndiyo," nikakujibu. "Mamdogo wako."

Utauliza kwa nini nilifanya vile. Kwa sababu wewe hujui kudanganya, Riziki. Hukujua tangu ukiwa mdogo. Ulipokuwa na miaka sita nilikwenda nawe Bunju, tulikuwa tunarekodi kwenye nyumba moja kubwa huko, na mtoto aliyepangwa aliugua surua. Mwongozaji akasema tumtumie huyu wa Godeliva. Kazi yako ilikuwa kufungua mlango, mgeni akuulize, "Mama yuko wapi?" nawe ujibu, "Mama amesafiri." Basi, hakuna zaidi. Mgeni akauliza. Ukageuka, ukaninyooshea kidole pale nilipojibanza nyuma ya taa, ukasema, "Mama yuko pale." Watu wakacheka, tukarudia. "Mama yuko pale." Mara ya tatu mwongozaji akapiga magoti mbele yako na pipi mkononi. "Sema mama hayupo, mtoto mzuri. Sema amesafiri." Ukaangua kilio. "Lakini si yule pale!" Tukaharibu siku nzima, na mimi nikasemwa mbele ya watu mpaka nikatamani ardhi inimeze.

Sasa mtoto wa namna hiyo nimwambie kwamba mama yake ni Mrundi asiye na karatasi hata moja, halafu aende akasimame mbele ya dirisha la ofisa anayeuliza, "Mama yako mzazi ni nani?" Nilikuona akilini mwangu ukigeuka. Nilikiona kidole chako kile kile. Pasipoti isingetoka, ufadhili ungekwenda kwa mwingine, na mimi ningejikuta sijui wapi. Ndiyo maana nikakupa uongo utakaouamini, ili mbele ya ofisa useme unachokijua kuwa kweli. Na ulisema. Uliniambia ofisa mwenyewe alikupa pole ya msiba. Pasipoti imetoka, ninaiona hapa juu ya kitanda. Nilipata nilichokitaka.

Ndiyo, Mrundi. Mtaani wanajua mimi ni Mha wa Kasulu, na wewe umekuwa ukiwaambia wenzako shuleni kwamba upande wa mama ni Kigoma. Lugha zetu zinakaribiana, sura zetu vilevile, kwa hiyo wengi wetu hujificha huko kwa Waha, na Waha wenyewe wakitugundua wengi hunyamaza. Nilivuka mpaka na mama yangu na mdogo wangu wa kiume, vita vikiwa nyuma yetu, tukaishi kambini. Nilipofika miaka ishirini nikatoroka, nimejificha kwenye lori la mihogo mikavu, kuja Dar es Salaam. Mama yangu aliniambia niende, nikatulie, kisha nirudi kuwachukua. Nilimjibu ndiyo. Hilo ni kosa langu la kwanza, na yote mengine yamezaliwa humo. Niliahidi kurudi nikijua kabisa kwamba nikirudi sitatoka tena.

Nikapata kazi za ndani Kinondoni, kwa mama mmoja aliyekuwa akikodisha nyumba yake kwa watu wa filamu. Siku moja napita na sinia la chai, mwongozaji akanisimamisha. Alimtaka msichana wa kazi ambaye ni bubu. Akanitazama usoni kama mtu anayechagua nyanya.

"Wewe, unaweza kukaa kimya?"

Nilitaka kucheka. Kukaa kimya ndiyo kazi niliyokuwa naiweza kuliko zote. Tangu nifike mjini nilikuwa nasema maneno machache kadiri ninavyoweza, maana nikifungua mdomo tu mtu anauliza, "Dada, wewe wa wapi?" Basi nikacheza bubu. Filamu ikauzika. Watu walilia na yule bubu kuliko walivyolia na mwenye maneno mengi. Nikaitwa tena, bubu. Na tena. Nimecheza bubu aliyeteswa na mama mkwe, bubu aliyerogwa, bubu aliyerithi nyumba Kinyerezi ndugu wakamnyang'anya. Ulipozaliwa, watoto wa mtaa huu walikuwa wakinikimbilia wakipiga kelele, "Bubu! Bubu!" nami nawapungia mkono.

Hebu fikiria, mwanangu. Mtu anayejificha, halafu uso wake uko kwenye kila kibanda cha kuuzia kanda. Askari alinisimamisha mara moja pale Ukonga, karibu na gereza, nikajua leo nimepatikana. Kumbe anataka kupiga picha na mimi ampelekee mkewe. Nikapiga. Katika picha ile natabasamu. Nilidhani umaarufu ungenilinda. Haukunilinda. Ulinifundisha tu kutabasamu nikiwa na hofu, na ubaya wa hilo ni kwamba hata hofu ilipokwisha, sikujua tena tabasamu langu lenyewe liko wapi.

Zuwena alikuwa mpambaji wetu, wa poda na wanja na damu ya bandia. Mzaramo wa Mbagala, mjane, hakujaliwa mtoto, mdomo wake mkali kama pilipili kichaa. Yeye ndiye mtu wa kwanza mjini aliyejua mimi ni nani. Alinisikia nikisali peke yangu kwa Kirundi nikiwa nimefumba macho anipake poda. Alimaliza jicho moja, akahamia la pili, akasema, "Shoga, Mungu wako anasikia lugha nyingi, lakini fundi wa taa naye ana masikio. Sali kimoyomoyo."

Nilipopata mimba yako, baba yako, fundi wa jenereta, alihama na jenereta lake bila kuaga. Sina la kukuongezea juu yake, alikuwa mtu wa kucheka sana na sijui kingine. Mwongozaji alitaka kunitoa kwenye filamu. Zuwena akamwambia, "Mpe bubu mimba kwenye hadithi, utaokoa mto wa kumfunga tumboni." Akakubali.

Shida ilikuwa hospitali. Kliniki wanataka jina, wanataka unakotoka, mwenyekiti wa mtaa, kitambulisho. Niliogopa, na hofu yangu haikuwa na akili. Pengine wasingenifanya kitu, manesi wana kazi nyingi kuliko kuwinda Warundi. Lakini nilishaona wenzangu wakipandishwa magari. Zuwena akaniambia, "Nenda na jina langu. Wewe si mwigizaji? Niigize mie." Basi nikahudhuria kliniki miezi yote nikiwa Zuwena. Nilijifunza mwendo wake, nikajifunza kuweka mkono kiunoni, hata nilijua jina la babu yake, Shomari, ambalo ndilo uliloandikiwa wewe mahali pa baba.

Siku ya uchungu yeye alikaa kwenye benchi nje, kama dada yangu. Nesi akatoka akaita, "Zuwena!" Akasimama yeye! Nesi akamtazama tumbo lake lile bapa. "Wewe ndo unazaa?" Zuwena hakupepesa. "Nimemwitikia mwenzangu, nesi, amezidiwa." Nilicheka katikati ya uchungu, mwanangu, na sijui kama kuna mwanamke mwingine amewahi kucheka pale.

Sikucheka muda mrefu. Wanawake wote wodini walikuwa wakimwita mama yao, kila mmoja kwa lugha ya kwao. Mimi nilijua nikifungua mdomo nitaita kwa Kirundi. Niliuma upindo wa kanga ya Zuwena kuanzia alfajiri mpaka ulipotoka. Kanga ile unaijua. Ni ile uliyoikunja jana ukaiweka chini ya begi, ukasema unakwenda na harufu ya mama yako. Fungua upindo wake wa kushoto. Pale palipotoboka si panya, ni meno yangu.

Wanasema uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Kwenye karatasi yako, uchungu wangu amepewa mtu mwingine, na mimi mwenyewe ndiye niliyempa.

Tulidhani tutarekebisha. Zuwena kila mwaka alinisukuma. "Godeliva, nenda kaseme kweli. Tafuta mwanasheria, tafuta padri wako, mtu yeyote. Mtoto akikua karatasi hukua naye." Nikasema, baada ya filamu hii. Kila mara palikuwa na filamu hii. Mara moja filamu yetu iliitwa Nairobi kuoneshwa, wakataka nisimame jukwaani, na mimi sina pasipoti. Nikasema naogopa ndege. Wakaenda wenzangu, mwingine akasimama mahali pangu akapigiwa makofi, nami nilikuwa hapa Mbagala nafua nguo zako za shule. Sikuona uchungu sana. Nilijiambia nina wewe.

Mama yangu alipofariki nilipigiwa simu na mdogo wangu. Walikuwa wamerudi kwetu Burundi zamani. Aliniuliza swali moja tu, "Unakuja?" Nikamjibu nina kazi. Nilikuwa kweli na kazi, siku hiyo hiyo nilikuwa nimevikwa kaniki nacheza bubu aliyefiwa. Hakunipigia tena simu mpaka leo. Sikuelezi haya unionee huruma. Nakueleza ujue kwamba mimi ninajua mtoto akimkosa mama yake anakuwaje, na bado nikakufanyia wewe jambo lile lile.

Maana hili sasa ndilo linaloniua. Baada ya siku ya mchele uliniomba nikupeleke kaburini kwa Zuwena. Ulinunua udi na asumini, ukapiga magoti, ukasafisha nyasi kwa vidole. Mimi nilisimama hatua kumi nyuma. Nilikusikia ukimwambia, "Mama, nisamehe, sikujua. Siku ya maziko yako nilikuwa naosha vikombe vya wageni." Ulilia mpaka sauti ikakauka. Nilikuwa na kitambaa mkononi, nikashindwa kukuletea. Ningekufuta machozi kwa mkono gani? Mama yako yu hai, amesimama nyuma yako mzima wa afya anakutazama ukimzika.

Na Zuwena aliniomba. Wiki ile ya mwisho, sukari imempofusha macho, alinishika mkono akasema, "Mwambie mtoto. Sitaki kwenda kwa Mungu na mtoto wa watu." Nikamwahidi. Unaona ninavyoahidi.

Tungeweza kuishi hivyo. Nilishafikiri, nikuache uende na mama mzuri aliyekufa kuliko mama mwongo aliye hai. Zuwena alikupenda, aibu ipo wapi? Lakini umeanza kunishukuru, Riziki. Hapo ndipo umenishinda. Unaamka asubuhi unasema, "Shikamoo, mamdogo, ahsante kwa chai." Juzi ulinikumbatia mbele ya jirani ukasema, "Huyu kanilea kama mwanawe, sijui nitamlipa nini." Jirani akafuta machozi. Mimi nilikwenda chooni nikajifungia. Mtoto hamshukuru mama yake kwa kumlea. Humnunia. Humwambia chumvi imezidi, kwa nini hukuninunulia, kwa nini hukunisikiliza. Zamani ulikuwa ukinifokea mpaka majirani wanasikia. Tangu siku ile hujanifokea hata mara moja. Nimekuwa mwema kwako, kama mwenye nyumba mwema.

Nimekata tamaa, mwanangu. Sisemi kwa kutaka nibembelezwe. Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu imekwenda miaka ishirini, na sasa naona mwisho wake, na mwisho wake ni wewe unapita mlango wa kioo na begi, unanipungia mkono kama mtu anavyompungia shangazi. Siwezi kukufuata huko. Ukiugua siwezi kuja. Ukiolewa siwezi kuja. Ukiamua kutorudi, hakuna karatasi popote duniani inayosema mimi nina haki ya kukuuliza uko wapi.

Nikikwambia leo, utakwenda kesho na uso uliovimba, ofisa atakuuliza jambo dogo tu, na wewe utageuka. Ndiyo maana barua hii naitia kwenye mfuko wa nailoni, naifunga mara mbili, naizika chini ya dagaa kwenye lile kopo la bluu utakalosafiri nalo. Dagaa wa Kigoma, ambao kwetu tunawaita indagala, hao hao, ziwa lile lile. Najua hutawagusa wiki ya kwanza. Utawafungua siku chakula cha huko kitakapokushinda na nyumbani kutakapokuuma. Siku hiyo ndiyo ninayoihitaji. Samahani kwa harufu.

Najua ninakutwisha. Ukishasoma, cheti chako hakitakuwa chepesi tena mkononi. Kila fomu utakayojaza utanikumbuka vibaya. Unaweza kuchagua kunyamaza, sitakulaumu, mimi ndiye nani wa kumlaumu mtu kwa kunyamaza? Sikuombi unisamehe. Naomba tu usiwe yatima kwa sababu yangu wakati mimi nipo.

Na kama hutaniamini, maana nimekufundisha mwenyewe kutoniamini, nina ushahidi mmoja. Ile filamu ya bubu mwenye mimba. Iko mtandaoni, mtu ameiweka. Ulipokuwa mdogo tuliitazama ukaniuliza, "Mama, ulijifunga mto?" nikakujibu ndiyo, mto. Itazame tena. Nenda mpaka pale bubu anatwanga uani na mama mkwe anamtukana. Ananyanyua mchi, halafu anauacha hewani. Mkono wa kushoto unashuka ubavuni, haraka, bila kufundishwa. Midomo inafunguka, na bubu anasema neno. Mwongozaji aliruka kwenye kiti, "Bubu kasema!" Lakini jenereta lilikuwa linaishiwa mafuta na jua linazama, hatukurudia. Walifunika sauti kwa muziki. Midomo hawakuifunika. Nilisema Mana yanje, Mungu wangu, kwa sababu ulikuwa umenipiga teke kwa mara ya kwanza kwa nguvu namna ile. Katika filamu zote nilizocheza, hilo ndilo neno moja la kwetu nililolisema, na wewe ndiye uliyelitoa.

Simamisha picha hapo. Tazama nguo upande wa kushoto, chini ya mkono wangu. Inacheza. Mto hauchezi, Riziki.

Nasikia lango. Umerudi, magharibi bado kidogo, msusi wako leo alikuwa na haraka kuliko nilivyomdhania. Unawaonesha watoto wa jirani rasta zako, wanakuuliza kama zinauma. Sasa unaniita. "Mamdogo! Njoo uone nilivyopendeza!" Nakuja. Nafunga mfuko, nakuja.

Kesho nitasimama nyuma ya ile kamba na gauni langu la njano. Utaniita mamdogo mbele ya watu wenye mihuri, nami nitaitika. Nitaigiza vizuri, usiwe na wasiwasi, sitaharibu. Lakini huko ukishafika, ukishawala hao dagaa, mtu akikuuliza mama yako yuko wapi, usimwambie amekufa. Usimwambie amesafiri. Geuka utazame upande wa huku, nyosha kidole, uiharibu filamu yote.

Nipo pale pale, nyuma ya taa.

Mama yako